Kufuli Mlangoni: Haki ya Mpangaji Ilikotoka



Kila mwisho wa mwezi, Arua na Koboko, ziko familia zinazohesabu siku kwa hofu. Kodi haijatimia, au mwenye nyumba ameipandisha ghafla, na watoto wakirudi kutoka shule huenda wakakuta kufuli jipya mlangoni. Wengi katika jamii yetu wanadhani kwamba nyumba ni ya mwenyewe, basi akisema "toka" hakuna la kujibu. Sheria haisemi hivyo. Tutazame ilikotoka.

Tuanze mbali kidogo, kwa kuwa sheria za kodi za nchi zetu zililetwa na Waingereza. Mwaka 1915, wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, wafanyakazi walimiminika katika viwanda vya silaha na meli mjini Glasgow, na wenye nyumba wakapandisha kodi. Wanaume wengi walikuwa vitani. Wanawake, akiwamo Mary Barbour wa mtaa wa Govan, waliafikiana kulipa kodi ya zamani tu na kuikataa nyongeza. Dalali wa mahakama akija kutoa vyombo, kengele ililia, majirani wakajaa ngazini asipate njia. Tarehe 17 Novemba 1915 wapangaji 18 walifikishwa mahakamani kwa ajili ya nyongeza hiyo. Maelfu ya watu wakakusanyika nje. Kesi ikaondolewa, na kabla ya mwaka kwisha Bunge la Uingereza likapitisha sheria ya kuifunga kodi katika kiwango cha Agosti 1914.

Huku kwetu Afrika Mashariki, Zanzibar ilikuwa na kisa chake mwaka 1928. Watu wa Ng'ambo wengi walikuwa na nyumba zao wenyewe, lakini kiwanja kilikuwa cha mtu mwingine, na sehemu ya ardhi ile ilikuwa wakfu. Kodi ya viwanja ilipozidi kupanda, wakagoma kulipa. Mwaka huo huo serikali ya kikoloni ikalazimika kutunga sheria ya kuzuia kodi ya viwanja isipandishwe ovyo.

Uganda ilipata sheria yake ya kudhibiti kodi mwaka 1949. Iliweka mambo mawili makubwa. La kwanza, kodi iwe na mpaka. La pili, mpangaji asitolewe ila kwa amri ya mahakama, na mahakama isitoe amri hiyo bila sababu inayokubalika, kama kutolipa kodi au kuvunja mapatano.

Sisi wa West Nile tuna sababu ya kulijali jambo hili. Baada ya vita vya mwaka 1979, watu wetu wengi walikimbilia Zaire na Sudan. Waliporudi katika miaka ya 1980, wengi walikuta nyumba zimebomolewa, wakaanza maisha upya. Mtu aliyewahi kupoteza nyumba anajua uzito wa kulala chini ya paa la mwenzake. Lakini haki usiyoijua haikusaidii, hata kama imeandikwa kitabuni tangu 1949.

Sheria ile ilizeeka. Bunge lilipitisha sheria mpya ya mwenye nyumba na mpangaji mwaka 2019, Rais akairudisha, na hatimaye ikakamilika mwaka 2022. Hii nayo inataka amri ya mahakama kabla ya kumtoa mpangaji, na mwenye nyumba anayemtoa bila amri hiyo anatenda kosa. Kodi isipandishwe zaidi ya asilimia 10 kwa mwaka, isipokuwa waziri aweke kiwango kingine. Mapatano ya shilingi 500,000 au zaidi yawe kwa maandishi.

Basi mpangaji akitishiwa afanye nini? Asipigane, wala asivunje kufuli. Akusanye mkataba, risiti na notisi yoyote aliyopewa, amweleze mwenyekiti wa LC1 mapema, kisha apeleke malalamiko mahakamani. Hakimu hatazami nani analia zaidi, anatazama karatasi. Ndiyo maana tunawaambia akina mama na akina baba: kodi ya pesa taslimu bila risiti ni kama hukulipa. Hata kama mwenye nyumba ni rafiki au jamaa, andikianeni.

Wala tusimsahau mwenye nyumba. Katika mitaa yetu wapo wajane na wazee wanaoishi kwa kodi ya vyumba viwili vitatu. Mpangaji anayekaa miezi mitano bila kulipa, akijificha nyuma ya sheria, anawadhulumu. Katika fiqhi upangishaji, yaani ijara, ni mkataba wenye malipo yanayojulikana na muda unaojulikana, na unawafunga wote wawili. Mahakama nayo huuliza hayo hayo: mlipatana nini, na nani amevunja?

Wanawake wa Glasgow na watu wa Ng'ambo hawakudai kukaa bure. Walidai kodi iwe na mpaka. Familia ya Arua au Koboko yenye risiti zake mkononi inadai jambo hilo hilo, na mlango wa mahakama uko wazi kwake.

Wabillahi tawfiq.