Suti ya baba, suti ya kaka: bwana harusi avae nini?

Samahani kwa kupotea wiki mbili nzima. Nilikuwa nyumbani Magu kwenye vikao vya harusi ya kaka, nimerudi hapa Malimbe juzi usiku na tayari kuna majaribio mawili yananisubiri. Lakini kabla sijafungua daftari lazima niwasimulie, maana hili limenikaa moyoni.

Mambo yaliharibika kikao cha tatu. Michango ilikuwa inakuja vizuri, ukumbi umeshalipiwa, ng'ombe wa mahari walishatoka zizini tangu mwaka jana. Ikaja ajenda ndogo tu, "mavazi ya bwana harusi", tukadhani ni ya dakika tano. Thubutu! Kaka akasema ameona suti ya bluu mjini Mwanza, kuikodi siku moja ni shilingi 90,000. Baba akanyamaza. Akaingia ndani, akatoka na mfuko wa plastiki uliofungwa kwa kamba, na ndani yake kulikuwa na Kaunda suti ya kijivu aliyoivaa siku ya ndoa yake mwaka 1983. Akaiweka mezani, akasema, "Hii haikodiwi."

Kaka akacheka. Mimi namjua, hakuwa na dharau, ni kile kicheko cha mtu aliyeshtuka. Lakini baba alichosikia ni kicheko. Akachukua mfuko wake, akaondoka. Baba mdogo naye akatia petroli: eti suti zote mbili ni mambo ya kuiga, kijana avae vazi letu la asili. Halafu wakanigeukia mimi. "Wewe si ndiye unayesomea ualimu wa historia? Haya, tuambie, vazi letu ni lipi?"

Jamani, nilibabaika! Nikajibu kwamba nitafanya utafiti (wanachuo mnajua maana yake, yaani sijui). Sasa leo nimekaa, nimefikiri, na hiki ndicho nilichopaswa kuwaambia.

Zamani huku kwetu watu walivaa ngozi, na kwenye ndoa kilichotazamwa zaidi ni ng'ombe. Kisha kikaja kitambaa kupitia misafara ya kutoka pwani na Tabora. Kile cheupe kilichotamba zaidi tuliita merikani, na jina lenyewe linasema kilikotoka: viwanda vya Marekani, kikiletwa Zanzibar na merikebu za wafanyabiashara wa Salem, Massachusetts, kuanzia miaka ya 1830. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya kule, 1861 hadi 1865, vilikatisha pamba, na vitambaa vya Uingereza na Bombay vikachukua nafasi. Jina halikubadilika. Kaniki nayo, ile nyeusi ambayo watu wengi wanaiona ni asili kabisa ya bara, ilitoka India.

Na hayo yalipita hapa hapa wilayani kwetu. Tarehe 27 Februari 1875 Stanley alifika Kageyi, ufukweni mwa Ghuba ya Speke, na hapo ndipo akaiunganisha mashua yake, Lady Alice, ili azunguke ziwa. Wapagazi wa misafara ile walibeba mitumba ya vitambaa kwa sababu kitambaa kilikuwa fedha: ulilipia chakula kwa kitambaa, na ukalipa hongo kwa mtemi kwa kitambaa. Kwa hiyo babu wa babu yangu kama alioa amejifunga merikani, alikuwa amevaa pesa mwilini! Kaka na suti yake ya 90,000 hajaanzisha kitu kipya.

Hebu tuangalie na shela jeupe, ambalo kikao hakikulihoji hata kidogo. Desturi hiyo ilisambaa sana baada ya Malkia Victoria wa Uingereza kuolewa na gauni jeupe mwaka 1840. Ndiye huyo huyo ambaye Speke alilipa ziwa letu jina lake mwaka 1858. Bwana harusi wake, Albert, hakuvaa suti, alivaa sare ya jeshi. Kumbe hata kwao suti haikuwa amri.

Sasa Kaunda. Jina limetoka kwa Kenneth Kaunda, rais wa kwanza wa Zambia. Koti lisilohitaji tai, mara nyingi la mikono mifupi, na ujumbe wake ulieleweka: sisi ni viongozi, lakini hatuigi mkoloni. Enzi hizo nguo ilikuwa siasa. Mwaka 1968 Umoja wa Vijana wa TANU ulitangaza Operesheni Vijana, na kuanzia Januari 1969 sketi fupi, suruali za kubana, mawigi na krimu za kujichubua vikapigwa marufuku. Wamasai nao walilazimishwa kuvaa suruali, ina maana vazi la asili lenyewe lilipingwa na serikali ya Waafrika! Na mambo hayajaisha: Novemba 2023 Spika wa Bunge la Kenya alizuia Kaunda suti zisiingie bungeni.

Lakini yote hayo ni ya vitabuni. Nilichokuwa sikijui ni mwaka 1983. Darasani tumeusoma kama mwaka wa vita dhidi ya wahujumu uchumi: Vita vya Kagera vimeisha 1979, fedha za kigeni hakuna, maduka matupu, sabuni ya kutafuta kwa tochi. Mitumba ya nguo kutoka nje haikuwa imeruhusiwa bado, ilikuja biashara ilipolegezwa kuanzia 1984. Usiku ule nilimfuata baba uani, nikamwamkia, nikamuuliza kile kitambaa alikipataje. Akaniambia alilala foleni siku mbili mbele ya duka la ushirika, akapata mita tatu na nusu, akatembea nazo kwa miguu hadi kwa fundi kwa sababu aliogopa kuporwa kwenye basi. Sisi, wakulima wa pamba, tulikuwa tunaipeleka kwa malori, na mkulima anakosa kitambaa cha kuolea. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Kaka yako anadhani naionea fahari nguo. Mimi naionea fahari ile foleni."

Wadau, sikuwa na jibu.

Asubuhi nilimsimulia kaka yote. Hakusema neno. Akaenda kwa baba, shikamoo, akaomba aijaribu. Koti liliingia kwa shida, suruali ikagoma mapajani, ikapiga kelele praa! Sote tukaganda. Baba akaangua kicheko hadi machozi, "Mwanangu, wewe umekula vizuri kuliko mimi!" Hapo ndipo kikao kilipofungwa kwa kweli.

Kaka hajakodi. Amenunua suti ya mtumba pale Mlango Mmoja kwa 35,000, fundi wa Magu anaipunguza. Kaunda imeshonwa palipochanika, na Jumamosi ataivaa mwenyewe baba. Baba mdogo bado ananung'unika, nimemwambia tukimaliza harusi nitampeleka Makumbusho ya Bujora.

Halafu wakati naondoka mama akaniuliza, huku anapeta mchele, "Mbona hamjaniuliza mimi nilivaa nini?" Kweli, vikao vitatu na hakuna aliyeuliza. Shela lake lilikuwa la kuazima, mwaka ule lilivaliwa na mabibi harusi wanne wa kigango kimoja, na yeye alikuwa wa mwisho, tayari lina doa la soda. Alisimama ameshika maua mbele ya lile doa misa nzima.

Nimeandika hilo doa kwenye daftari langu la historia. Haya, nawahi kipindi. Tuonane baada ya harusi, picha nitawawekea.