Yannick Noah: Mtoto wa Yaoundé na simu iliyopigwa Paris

Kila ifikapo Juni, magazeti ya Ufaransa huitoa tena kabatini picha ile ile. Kijana mrefu amepiga magoti kwenye udongo mwekundu wa Roland Garros, na mwanamume mwenye mabega ya mwanasoka anamkimbilia kutoka upande wa watazamaji. Ilikuwa Jumapili, Juni 5, 1983. Kijana ni Yannick Noah, mwenye umri wa miaka 23; anayemkimbilia ni baba yake, Zacharie. Zaidi ya miaka 40 imepita na hakuna mwanamume mwingine wa Ufaransa aliyelitwaa taji hilo la mchezaji mmoja mmoja. Aliyekaribia zaidi ni Henri Leconte mwaka 1988, akafungwa kwenye fainali.

Kwa hiyo kila mwaka kisa cha Noah husimuliwa upya, na kila mwaka husimuliwa vibaya. Utasikia habari za mtoto maskini wa Kiafrika aliyeokotwa vumbini na bingwa wa Marekani, akapelekwa Ulaya akawa mtu. Simulizi hiyo inapendwa kwa sababu ni tamu na haimdai mtu chochote. Ukweli una watu wengi zaidi, na kwetu sisi wa Afrika Mashariki ukweli huo ndio wenye manufaa.

Yannick hakuzaliwa Afrika. Alizaliwa Mei 18, 1960 mjini Sedan, kaskazini mwa Ufaransa, karibu na mpaka wa Ubelgiji. Baba yake alikuwa Mkameruni aliyekwenda huko kusakata kabumbu, na mwaka 1961 alikuwa kwenye kikosi cha Sedan kilichotwaa Kombe la Ufaransa. Mama yake, Marie-Claire, alikuwa mwalimu, Mfaransa. Jeraha lilipoikatisha safari ya Zacharie katika soka, familia ilihamia Yaoundé, mtoto akiwa na umri wa miaka mitatu hivi. Hii haikuwa nyumba ya walalahoi. Baba alikuwa mtu maarufu mjini, mama ana kazi ya ualimu, na wote wawili walikuwa na mlango wa kuingilia klabu ya tenisi, mahali ambapo watoto wengi wa mji huo waliishia kuchungulia kwenye uzio. Husimuliwa kwamba raketi ya kwanza ya Yannick ilichongwa kwa ubao. Hata kama ndivyo, mtoto mwenye ubao alikuwa na uwanja wa kuuchezea na mzazi wa kumtazama akicheza.

Sasa tufike Februari 1971, maana hapo ndipo kila kitu kinapogeukia.

Arthur Ashe alikuwa anazunguka Afrika Magharibi na Kati pamoja na wachezaji wenzake wa kulipwa, katika ziara ya kirafiki iliyoungwa mkono na serikali ya Marekani. Haikuwa mara yake ya kwanza barani. Miezi michache nyuma, mwishoni mwa 1970, yeye na Stan Smith walikuwa wamepita pande zetu, Kenya na Tanzania zikiwemo. Wakati huo Ashe alikuwa jina kubwa mno: bingwa wa Marekani wa 1968, bingwa wa Australia wa 1970, na mtu mweusi aliyenyimwa viza na utawala wa makaburu wa Afrika Kusini alipoomba kwenda kucheza huko.

Yaoundé walimwekea utaratibu wa kawaida wa wageni wa aina hiyo. Hotuba, mechi ya maonyesho, kisha watoto wa klabu wanapewa nafasi ya kupigiana mipira na mgeni. Katika foleni hiyo alikuwamo Yannick, hajatimiza miaka 11. Wengi wa watoto wale walirudisha mpira kwa adabu. Huyu alipiga kwa nguvu, na inasimuliwa kwamba mpira wake mmoja wa kuanzisha ulimpita Ashe bila kuguswa. Bingwa alishangaa. Alimwachia mtoto raketi yake mwenyewe, raketi halisi ya mchezaji wa kulipwa, kitu ambacho huko Kameruni usingekipata dukani hata ungekuwa na pesa mfukoni. Noah mwenyewe ameeleza kwamba alipewa pia picha ya Ashe iliyotiwa saini, na maneno ya kumwambia kwamba wataonana Wimbledon.

Wageni mashuhuri hugawa zawadi kila wanakopita, na kwa kawaida habari huishia hapo. Ashe alikwenda hatua moja mbele. Alimpigia simu Philippe Chatrier, kiongozi katika Shirikisho la Tenisi la Ufaransa ambaye miaka miwili baadaye angekuwa rais wake, akamwambia kwamba Yaoundé kuna mtoto anayepaswa kutazamwa.

Kwa nini alihangaika hivyo? Jibu, kwa maoni yangu, limo katika ujana wa Ashe mwenyewe. Alizaliwa Richmond, Virginia, akajifunza tenisi kwenye bustani ya watu weusi ambayo baba yake aliilinda. Viwanja vizuri vya mji ule vilikuwa vya Wazungu, na vile vya ndani, ambavyo mchezaji anavihitaji wakati wa baridi, havikumruhusu kuingia. Kwa hiyo mwaka wa mwisho wa sekondari alihamishiwa St. Louis, mamia ya kilomita kutoka kwao, ili aweze kucheza mwaka mzima. Mtu aliyepitia hayo haoni mtoto mwenye kipaji akaridhika kumpa raketi tu. Anajua kwamba kipaji kisipohamishiwa mahali penye uwanja, kocha na wapinzani, kitabaki kuwa hadithi ya kijiweni.

Katika ubishi wa nani hasa “alimgundua” Noah, wako wanaompa Ashe sifa zote, na wako wanaosema Chatrier ndiye aliyefanya kazi yenyewe, maana Ashe alipiga simu akaendelea na safari zake. Mimi nasema wawili hao wanapewa nafasi ambayo wa kwanza kuistahili ni wazazi. Fikiria ulivyo uamuzi wa kumtoa mtoto wa miaka 11 nyumbani, umpandishe ndege, akaishi bweni nchi nyingine, kwa ajili ya mchezo ambao wakati huo haukuwa na mfano hata mmoja wa mtoto wa Kameruni aliyefanikiwa. Zacharie alijua kwa mwili wake jinsi jeraha moja linavyoweza kuifuta riziki ya mwanamichezo. Marie-Claire alikuwa mwalimu na alijua thamani ya shule. Na bado walikubali.

Mtoto alipelekwa Nice, kwenye shule ya Parc Impérial, ambako masomo na tenisi vilipangwa pamoja: vitabu sehemu ya siku, raketi sehemu nyingine. Ni mpango ambao Wafaransa walikuwa ndio kwanza wanaujaribu. Kocha wake huko alikuwa Patrice Beust, na baadaye Patrice Hagelauer ndiye aliyemlea hadi juu kabisa. Noah amewahi kueleza upweke wa miaka ile, mtoto aliyezoea jua na ndugu wengi akijikuta peke yake na baridi na sheria za bweni. Wengi waliomaliza mipango ya namna hiyo hawakusikika tena. Huyu alisikika kwa sababu alikuwa na miguu ya baba yake na ukaidi wake mwenyewe.

Miaka iliyofuata naipita haraka kwa kuwa rekodi zinajieleza. Aliingia tenisi ya kulipwa mwaka 1977. Mwaka 1978, akiwa na miaka 18, alitwaa mataji yake mawili ya kwanza, Manila na Calcutta, na mwaka huo huo aliingia Wimbledon kucheza wawili wawili pamoja na Ashe, ile ahadi ya Yaoundé ikatimia. Mwaka 1980 alifika fainali ya Roma akashindwa na Guillermo Vilas. Mwaka 1981 alitwaa taji mjini Richmond, mji ule ule uliomfungia Ashe milango. Februari 1982 huko La Quinta, California, alimsimamisha Ivan Lendl aliyekuwa ameshinda mechi 44 mfululizo.

Lakini mechi ninayotaka tukae nayo aliipoteza.

Novemba 1982, Ufaransa ilifika fainali ya Kombe la Davis, mara yake ya kwanza tangu miaka ya 1930. Wapinzani walikuwa Marekani, na mechi zilichezwa Grenoble, chini ya paa. Wafaransa walitandika udongo mwekundu ndani ya ukumbi, kwa hesabu kwamba udongo unapunguza kasi ya mpira na ungempunguza makali John McEnroe. Mechi ya kwanza kabisa ikawa Noah dhidi ya McEnroe. Na kwenye kiti cha nahodha wa Marekani, mita chache kutoka mahali Noah alipokuwa anafutia jasho, alikaa Arthur Ashe.

Seti ya kwanza iliisha 12–10 kwa McEnroe, maana enzi hizo Kombe la Davis halikuwa na mkato wa pointi. Mlicheza hadi mmoja azidi kwa michezo miwili. Noah akajibu kwa 6–1, kisha 6–3. Ukumbi mzima ulikuwa umesimama. Baada ya seti ya tatu kanuni iliwapa wachezaji mapumziko, na waliporudi McEnroe alikuwa mtu mwingine, 6–2, 6–3. Zaidi ya saa nne za mchezo zikaishia mikononi mwa Wamarekani, na kesho yake kombe nalo likawa lao.

Ashe alifanya kazi yake. Alimsaidia mtu wake kumshinda kijana ambaye yeye mwenyewe alimfungulia njia, na sioni usaliti hapo. Naona heshima. Kijana alikuwa ameshakua kiasi cha kuhitaji kupangiwa mbinu na yule aliyempa raketi. Noah alitoka Grenoble akijua kwamba kwenye udongo anaweza kumfikisha mchezaji bora wa dunia ukingoni.

Miezi sita baadaye alikuwa moto. Katika majira yale ya udongo ya 1983 alitwaa Madrid, akatwaa Hamburg. Katikati ya neema hiyo akajiletea balaa: alikosa kutokea kwenye mechi ya mashindano ya timu za mataifa huko Düsseldorf, na wakuu wa tenisi wakamfungia siku 42. Adhabu hiyo ilimkosesha Wimbledon. Paris alicheza, na katika mashindano yote alipoteza seti moja tu, dhidi ya Lendl katika robo fainali, kabla ya kuifunga kazi kwa 6–0 katika seti ya nne. Nusu fainali ilimkutanisha na Mfaransa mwenzake, Christophe Roger-Vasselin, aliyekuwa amemtoa Jimmy Connors. Noah alimwachia michezo mitatu tu.

Kwenye fainali alimngoja Mats Wilander. Mswidi huyo wa miaka 18 alikuwa ndiye bingwa mtetezi, na sifa yake ilikuwa subira. Angeweza kurudisha mipira kutoka nyuma ya uwanja hadi mpinzani akose mwenyewe. Noah na Hagelauer waliamua kumnyima muda huo. Kila mpira uliofupika kidogo, Noah aliukata chini akaufuata hadi kwenye wavu, akasimama pale kama ukuta, akimlazimisha Wilander apige kwa haraka mapigo ambayo huyapiga kwa utulivu. Kwenye udongo hiyo ni kamari, kwa kuwa mpira hupaa polepole na mpinzani ana nafasi ya kukupitishia pembeni. Kamari ililipa: 6–2, 7–5, 7–6. Mpira wa mwisho wa Wilander ulipotoka nje, Ufaransa ilipata bingwa wa kwanza wa kiume wa nyumbani tangu Marcel Bernard mwaka 1946.

Baada ya hapo mambo hayakwenda kama hadithi za mabingwa zinavyotaka. Umaarufu ulimlemea, akazama katika huzuni aliyokuja kuikiri hadharani, akahamia New York. Alifika nafasi ya tatu duniani mwaka 1986, akastaafu na mataji 23, kisha akawa nahodha wa timu ya taifa iliyotwaa Kombe la Davis 1991, 1996 na 2017. Vijana wengi leo wanamjua kama mwimbaji, au kama baba yake Joakim Noah wa mpira wa kikapu.

Kinachoniuma ni upande wetu wa hesabu. Tumepata fursa ya kuona simu ile ilivyofanya kazi, na bado katika mataifa yetu hakuna Parc Impérial. Paul Wekesa wa Kenya, aliyeingia mia bora ya dunia katika miaka ya 1990, alipitia chuo cha Marekani. Angella Okutoyi alitwaa ubingwa wa wawili wawili wa vijana Wimbledon mwaka 2022, tukamshangilia uwanja wa ndege, na naye akaenda kuendeleza mchezo wake chuo cha Marekani. Yeye alilelewa na bibi yake, na tenisi aliianzia kwenye uwanja wa shule jijini Nairobi. Kipaji kilikuwapo na mlezi alikuwapo. Waziri anayepiga picha na kombe ndiye wa kuulizwa viwanja vingapi vya umma vina wavu mzima, na shule gani ya bweni inampangia mtoto ratiba ya vitabu na raketi kwa siku moja.

Noah mwenyewe hakusubiri serikali. Mwaka 1996 alianzisha Fête le mur, chama kinachowafundisha tenisi watoto wa mitaa ya pembezoni nchini Ufaransa, wale ambao klabu za kulipia hazikuwahi kuwafungulia lango. Chama hicho kingali hai, na miongoni mwa walioanzia kwenye viwanja vyake wamo waliokuja kuwa makocha na waamuzi.