Milicent Patrick: mwanamke aliyelichora dubwana, bosi akachukua sifa

Wapenzi wa filamu za kutisha wanalijua lile dubwana la Creature from the Black Lagoon: nusu mtu nusu samaki, midomo minene, mapezi mikononi, matamvua yakichezacheza shingoni. Filamu ilitoka 1954 na mpaka leo sura ile iko kwenye fulana na vinyago vya kuchezea. Aliyeichora nani? Kwa miaka mingi jibu lilikuwa Bud Westmore, bosi wa idara ya meikapu pale Universal. Kumbe kalamu ilishikwa na mwanamke.

Milicent Patrick alizaliwa Texas mwaka 1915. Baba yake alikuwa mhandisi, akasimamia ujenzi wa kasri la tajiri wa magazeti Hearst kule California, hivyo binti akakua anaona utajiri wa watu kwa karibu. Mwaka 1939 akaingia Disney, akaanzia kwenye kupaka rangi katuni na kupanda hadi uchoraji wenyewe, kipindi cha Fantasia. Baadaye akawa mwanamitindo na mwigizaji wa vipande vidogo. Ni huko kwenye uigizaji ambako Westmore aliiona michoro yake, akamwingiza idarani.

Enzi hizo kompyuta hakuna. Kiumbe kinachorwa, kinafinyangwa kwa udongo, kinatolewa kalibu, halafu linatengenezwa vazi la mpira ambalo mtu mzima anaingia ndani. Na hili lilipaswa kufaa nchi kavu na majini pia! Ben Chapman alilivaa nchi kavu. Chini ya maji, kule Florida, alikuwa Ricou Browning, bila mtungi wa hewa, amebana pumzi dakika nzima na zaidi. Ukweli usemwe, Milicent hakuwa peke yake: kina Chris Mueller na Jack Kevan ndio waliofinyanga na kuunda lile vazi. Ila umbo lilitoka kwenye karatasi yake.

Balaa lilianza kwenye matangazo. Universal ikaona ina bahati: mchoraji ni mrembo, na kuongea anajua. Ikampeleka mikoani Marekani kuinadi filamu, akitangazwa kama mrembo aliyemuumba mnyama. Westmore akaja juu, akawaandikia wakubwa kwamba dubwana ni lake. Basi kauli ikageuzwa: Milicent akawa mrembo "anayeishi" na wanyama. Ajabu ni kwamba kwenye mahojiano yeye mwenyewe alikuwa akimsifia huyo bosi. Haikusaidia. Aliporudi, kazi ya kuchora viumbe hakupewa tena, wala hakuwahi kuirudia. Alikuwa na miaka 38 tu.

Akabaki na vipande vya kuigiza, kisha akapotea kwenye macho ya watu, akafariki 1998. Mwaka 2017 Guillermo del Toro, aliyelipenda dubwana lile tangu utotoni, akatoa The Shape of Water, yenye kiumbe wa majini wa ukoo uleule, ikabeba Oscar ya filamu bora. Kitabu kizima juu ya Milicent kilikuja 2019, kikaandikwa na Mallory O'Meara. Lakini ukiifungua filamu ya 1954 leo, kwenye majina ya mwanzo utamkuta Westmore. Yeye hayumo.