Ramani Iliyodanganya London, London Ikaipenda

Kutoka stesheni ya Leicester Square hadi Covent Garden, pale London, treni ya chini ya ardhi husafiri mita zisizofika 300. Ukitembea juu ni dakika tano hivi, hata ukisimama kuangalia maduka. Lakini kwenye ile ramani maarufu ya rangi rangi, nafasi kati ya stesheni hizo mbili ni kama nafasi nyingine yoyote. Basi wageni hushuka hadi chini, hungoja treni, hupanda, hushuka kabla hata hawajakaa vizuri, kisha hupanga foleni ya lifti warudi juu. Binamu yangu anayeishi huko huwacheka sana. Mimi siwacheki. Wameambiwa kitu na ramani, wakaamini.

Reli yenyewe ni mzee kuliko mji wetu. Tarehe 10 Januari 1863, wakati Nairobi ilikuwa bado mahali pa Wamaasai kunyweshea ng'ombe, treni za abiria zilianza kupita chini ya London kutoka Paddington hadi Farringdon. Zilivutwa na injini za mvuke, ndani ya handaki, jamani! Watu walikohoa na bado wakarudi kupanda. Mwaka wa 1890 ikaja reli ya umeme iliyochimbwa chini zaidi, halafu kampuni zingine nazo zikachimba, kila moja kivyake.

Kufikia miaka ya 1920 laini zilikuwa nyingi na ramani ilikuwa imeshindwa. Wachoraji walifuata jiografia kwa uaminifu: reli ikipinda, mstari unapinda. Katikati ya mji stesheni zilibanana kama abiria wa matatu ya saa kumi na mbili jioni, huku laini za viungani zikikimbia hadi karatasi inaisha.

Harry Beck alikuwa mchoraji wa michoro ya kiufundi kwenye ofisi ya ishara za reli hiyo hiyo. Mwaka wa 1931, akiwa ameachishwa kazi, alichora ramani yake bila kutumwa na mtu. Hoja yake ilikuwa rahisi: aliye chini ya ardhi haoni barabara wala majengo, kwa hivyo umbali haumhusu. Anachotaka kujua ni apande laini gani, abadilishie wapi, ashukie wapi. Beck akanyoosha kila kitu. Mistari ilale, isimame, au iiname nyuzi 45, basi. Akapanua katikati ya mji, akavuta viunga vikaja karibu. Kati ya vyote vilivyo juu ya ardhi alibakisha mto Thames peke yake, nao akaunyoosha. Ukiitazama utadhani ni mchoro wa nyaya za umeme.

Idara ya matangazo iliikataa, ikiona imepita kiasi. Mwaka uliofuata Beck akairudisha, na Januari 1933 zikachapishwa nakala 750,000. Mwezi mmoja baadaye ilibidi waongeze.

Kilichofuata ndicho kinachonivutia. Mji ulibadilika bila hata jengo moja kusongezwa. Kiunga cha mbali kilionekana kiko pale tu, vituo vichache kutoka katikati, na hiyo ni habari njema kwa yeyote anayeuza nyumba huko. Kusini mwa mto, ambako reli hizi ni chache, karatasi ilibaki nyeupe kana kwamba hakuna watu, ilhali watu ni wengi na treni zao zipo, za juu ya ardhi. Mwaka wa 2011 mtafiti Zhan Guo alichapisha utafiti ulioonyesha kwamba abiria wa London, wanapochagua njia, huathiriwa na ramani kuliko muda halisi wa safari. Na hata ule mto ulio kwenye ramani una wenyewe: ulipoondolewa mwaka wa 2009 watu walipiga kelele hadi ukarudishwa kabla mwaka haujaisha.

Beck mwenyewe aliendelea kuirekebisha ramani kwa zaidi ya miaka 25, akiongeza laini, akisogeza kona. Halafu mwaka wa 1960 ikatoka ramani mpya yenye jina la mtu mwingine, Harold Hutchison, afisa wa matangazo. Beck aliandika barua, akalalamika, akachoka. Alifariki 1974. Siku hizi ramani hiyo huchapishwa ikiwa na maneno ya kumtambua, jambo ambalo yeye hakuliona.

Sisi hatuna treni ya chini, lakini ugonjwa wa karatasi nyeupe tunaujua. Kwa miaka mingi matatu zilibeba Nairobi nzima bila kuonekana kwenye ramani yoyote. Njia zilikaa vichwani mwa madereva na makanga, na steji zikaitwa kwa majina ya vitu vya zamani. Muulize kijana anayeshuka Odeon alitazama filamu gani pale. Kisha wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Nairobi wakaingia kwenye matatu na simu zao, wakanakili njia na vituo, wakishirikiana na watafiti wa MIT na Columbia. Mwaka wa 2014 ramani ikatoka, ya njia zaidi ya 130. Mistari imenyooshwa, rangi kibao. Ni mtoto wa Beck kabisa.

Nimeihifadhi kwenye simu. Inanifurahisha kuona Kayole na Kawangware zimepewa wino sawa na Westlands. Ila mchoro wa Beck ulisimama juu ya reli, na reli haihami. Yetu ilichora watu. Dereva akiona jam mbele anakata kushoto, anapitia mitaa ambayo hakuna mstari uliowahi kuifika, na abiria wote wanajua atatokea wapi.