Kalenda ya Baba na Mwana: Hesabu ya Wakati kwa Wakurya wa Mara

Jua huchwa na mwezi huandama pasi na kuamrishwa na mtu. Lakini juma, mwongo na mwaka mpya ni tungo za binadamu, kama zilivyo beti na vina. J. R. R. Tolkien, katika viambatisho vya *The Lord of the Rings* vilivyotoka mwaka 1955, aliwatungia watu wake wafupi mwaka wa miezi 12 yenye siku 30 kila mmoja, akaziacha siku tano nje ya miezi ili hesabu itimie. Wazee wa pwani walikwisha kuutegua mtego huo zamani: mwaka wao wa jua, unaofunguliwa kwa Nairuzi, uligawanywa katika miongo 36 ya siku kumi kumi, kisha zikaongezwa siku tano. Mkulima aliutumia kujua siku za kupanda, na nahodha kujua majira ya pepo. Makunduchi bado huukaribisha mwaka huo kila Julai kwa Mwaka Kogwa.

Kalenda zote hizo, ya kubuni na ya kweli, huhesabu siku. Bara, katika nyanda za Tarime na upande wa Serengeti, Wakurya walitunga kalenda inayohesabu watu.

Msingi wake ni vizazi, ambavyo kwa Kikurya huitwa *amakora*. Majina yake ni manane, nayo yamegawika katika mizunguko miwili. Mzunguko wa Monyasai una Saai, Nyamburiti, Gamunyeri na Maina. Ule wa Monyachuma una Chuma, Mairabe, Gini na Nyangi. Kila Mkurya huzaliwa ndani ya mmoja wa mizunguko hiyo, naye huingia katika jina linalofuata lile la baba yake. Likiisha jina la nne, la kwanza hurejea. Kwa hiyo kilembwe hupewa jina la kizazi alilokuwa nalo yule babu wa nne, na ukoo huwa umezunguka ukarudi ulipoanzia.

Hesabu hii haiangalii umri hata kidogo. Mzee aliyeoa uzeeni akapata mtoto humwachia mtoto huyo daraja lile lile la kaka zake wenye mvi. Ndipo huweza kutokea kijana asiyeota ndevu awe, kwa kizazi, baba wa mtu mzima, na mtu mzima huyo akampa heshima ya baba. Vizazi viwili vinavyofuatana hustahiana na kujitenga. Vinavyopishana, kama babu na mjukuu, hutaniana. Hivyo mtu akijua jina la kizazi cha mgeni, ajua papo hapo namna ya kumwamkia, na kama inajuzu kumtania. Kalenda ya ukutani yamwambia mtu leo ni siku gani. Hii yamwambia yeye ni nani mbele ya wenzake.

Sambamba na gurudumu hilo kuna hesabu ya pili isiyozunguka, nayo ni *esaro*, rika la waliotahiriwa pamoja. Msimu hufunguliwa kwa idhini ya *inchama*, baraza la siri la wazee, na rika hupewa jina lake. Vizazi hurudi, marika hupita.

Wanahistoria walipofika wakitafuta tarehe, gurudumu hili liliwatatiza. Malcolm Ruel alilieleza kwa makini katika makala yake ya mwaka 1962 kuhusu vizazi vya Wakurya. Ugumu wenyewe ni huu: mzee akisema jambo fulani lilitokea wakati wa Maina, ni Maina gani? Wa sasa, au wale waliotangulia kwa mzunguko mzima? Kukizidisha kizazi kwa miaka 25 au 30 hutoa tarakimu, lakini tarakimu hiyo haimo katika kauli ya mzee.

Wala mtu asidhani kwamba kalenda hizi zilishuka zimekamilika, zisiguswe. Kusini kidogo, kwa Waikoma, Wanata na Waisenye wa Serengeti, Jan Bender Shetler alionyesha katika kitabu chake cha mwaka 2007 jinsi misiba ya mwisho wa karne ya 19 ilivyoupindua mpango wa zamani. Sotoka iliangamiza ng'ombe mwanzoni mwa miaka ya 1890, njaa na maradhi vikawatawanya watu. Katika dhiki hiyo mizunguko ya marika, Rumarancha, Ng'irate na Saai, ikawa pia migawanyo ya ardhi, na rika likabeba kazi iliyokuwa ya ukoo. Walioshikwa na shida waliitunga upya hesabu yao, wakaishi.

Jambo hilo lina uzito leo. Katika koo nyingi za Tarime na Serengeti msimu wa tohara umezoeleka kufanyika Desemba, katika mwaka unaogawanyika kwa mbili. Wengi huutaja utaratibu huo kuwa mila ya mababu. Lakini mwaka 2014 au 2016 ni shufwa kwa hesabu ya nani? Ni kwa kalenda ya kizungu, iliyoletwa na serikali, misheni na shule. Mababu waliotangulia hawakuwa na tarakimu hizo za kugawanya. Kumbe kile kiitwacho cha kale kimefungwa kwenye uzi mpya.

Na kwenye uzi huo hufungwa maisha ya wasichana. Sheria ya mwaka 1998 ilifanya kumkeketa msichana aliye chini ya miaka 18 kuwa kosa la jinai, lakini ukikaribia Desemba wa mwaka shufwa, wapo wanaoyakimbia makwao kutafuta hifadhi Mugumu na Masanga. Kambi za Masanga hazikuufuta msimu. Wasichana hukaa humo siku zile zile, hufundishwa, kisha hutoka kwa sherehe, wamevuka bila kukatwa. Desemba imebaki, wembe umeondoka. Kama Wanata na Waikoma walivyofanya katika miaka ya njaa, wenye kalenda ndio wanaoitunga upya.