Mahindi Yaliyokuja Bila Mkate Wake

Kuoka katika pwani ya Mtwara kwa muda mrefu hakukuhitaji tanuri. Kulihitaji sufuria yenye kitako kizito, mfuniko wa bapa na makaa ya kugawa mafungu mawili: fungu moja chini ya sufuria, jingine juu ya mfuniko. Kitendo hicho huitwa kupalia, na mpishi anayeambiwa apalie moto juu na chini hahitaji maelezo zaidi. Makaa ya chini huwa machache ili kitako kisiungue. Ya juu huzidishwa, kwa kuwa joto hupenda kupanda na kulilazimisha lishuke kunataka nguvu.

Mkate wa kumimina ndio mtihani wa ufundi huo. Mchele hulowekwa usiku kucha, husagwa pamoja na tui la nazi, hutiwa sukari na iliki, kisha huachwa uumuke. Siku hizi huumuliwa kwa hamira ya dukani. Zamani chachu ilikuwa tembo la mnazi, na katika pwani yenye minazi mingi chachu hiyo haikununuliwa mbali. Uji huo mzito humiminwa katika sufuria iliyopakwa mafuta na kupata moto. Ukianza kutoa vitundu juu, mfuniko wenye makaa hufuata. Mkate ukitoka na rangi ya kahawia pande zote mbili, na katikati ukiwa laini, mpishi amefaulu.

Kabla sufuria za madini hazijaenea, kazi hiyo ilifanywa na udongo. Kigae, yaani kipande cha chungu kilichovunjika, kiliwekwa juu ya mafiga na kuwa kikaango kikavu cha mkate mwembamba. Kilichogharimu chungu kizima kikaendelea kulipa kikiwa kipande. Kwingineko pwani palikuwa na chombo kikubwa zaidi, mofa. Jina hilo ni la vitu viwili: tanuu la udongo lenye umbo la mtungi, na mkate mdogo wa mviringo wa unga wa mtama uliobandikwa kwenye kuta zake za ndani baada ya kushika joto. Neno lina ndugu zake ng'ambo. Huko Yemeni tanuri la namna hiyo huitwa mofa vilevile, na Somalia mkate wa muufo ungali unaliwa. Mofa inajulikana zaidi Lamu na Unguja kuliko Mikindani, bandari ya kale jirani na mji wa Mtwara, lakini mtama uliokuwa ukiokwa ndani yake ulikuwa nafaka ya pwani nzima, pamoja na uwele na mpunga. Katika karne ya 19 nafaka ilikuwa miongoni mwa shehena za majahazi yaliyotoka bandari za kusini kwenda Unguja, pamoja na pembe za ndovu, sandarusi, ufuta na, kwa huzuni, watumwa.

Kwa hiyo mahindi yalipofika, hayakukuta watu wasiojua mkate. Safari yake ilianza Mexico, ambako yaliendelezwa kutokana na nyasi ya porini maelfu ya miaka kabla ya meli yoyote ya Ulaya kuonekana huko. Wareno walizunguka Rasi ya Tumaini Jema, na mwaka 1498 Vasco da Gama akapita pwani hii. Mwaka 1505 wenzake wakaiteka Kilwa. Katika karne mbili zilizofuata, mazao ya Amerika yaliteremka bandarini moja baada ya jingine: mahindi, muhogo, karanga, mkorosho, papai, nanasi, pilipili kali. Baadhi yalikuja na majina ya mabaharia. Nanasi na papai ni maneno ya Kireno kwa asili, ingawa Wareno nao waliyaokota Amerika. Mahindi yalipata jina linaloelekeza Bara Hindi, kana kwamba kila kitu kigeni kilichoshushwa pwani lazima kiwe kimetoka upande wa mashariki.

Huko kwao, mahindi hayakuwa uji peke yake. Yalikuwa kwanza mkate. Punje zilichemshwa katika maji yenye chokaa, zikaachwa usiku, zikaoshwa maganda, kisha zikasagwa zikiwa na majimaji juu ya jiwe. Chokaa hiyo hufanya mambo mawili. Hulainisha punje kiasi kwamba unga wake hushikana na kusukumika kuwa mkate mwembamba, jambo ambalo unga mkavu wa mahindi hukataa kabisa, kama anavyojua kila aliyejaribu kupika chapati kwa unga wa sembe. Pili, hufungua niasini, vitamini ambayo katika mahindi imefungwa kiasi cha mwili kushindwa kuitumia. Mkate huo, tortilla, huokwa juu ya kikaango bapa cha udongo kisichotiwa mafuta, chombo ambacho mpishi wa Mikindani angekiita kigae bila kusita. Ukikunjwa na kutiwa kitoweo ndani, unakuwa taco, jina ambalo Kiswahili kinalazimika kuliacha na tahajia yake ya kigeni kwa sababu ambayo msomaji ataielewa mwenyewe.

Hapo ndipo historia ya jiko la pwani inapoleta kitendawili. Chokaa haikuwa ngeni hata kidogo. Nyumba za mawe za Mikindani zimejengwa kwa matumbawe na chokaa, na chokaa hiyo ilichomwa papo hapo ufukweni: magogo yalipangwa duara, mawe ya matumbawe yakarundikwa juu, moto ukawashwa. Biwi hilo pia huitwa tanuri, neno lilelile la Kiarabu ambalo kwa wengine ni la mkate. Chokaa ilikuwa hata mdomoni, kwani tambuu haitafunwi bila kupakwa chokaa na kutiwa popoo. Jiwe la kusagia lilikuwepo, kigae kilikuwepo, mahindi yalikuwepo. Kilichokosekana ni mtu wa kusema kwamba vitu hivyo vinne ni pishi moja.

Sababu haiko mbali. Mbegu husafiri mfukoni mwa baharia; maarifa ya jikoni hukaa mikononi mwa anayepika. Waliojua kuchemsha mahindi kwa chokaa walikuwa wanawake wa vijijini Mexico, na hao hawakupanda meli za Wareno. Ulaya yenyewe ilipokea mahindi kwa namna ileile ya upungufu. Kaskazini mwa Italia wakulima maskini walioishi kwa uji wa mahindi peke yake walianza, katika karne ya 18, kupata pelagra, ugonjwa unaochubua ngozi, kuharisha na mwishowe kuvuruga akili. Ni ugonjwa wa kukosa niasini.

Kusini mwa Tanganyika mahindi yaliingia katika njia zilizokwishachongwa na mtama: yakatwangwa kinuni, yakakobolewa, yakawa ugali, au yakachanganywa na kunde na kuwa kande. David Livingstone aliteremka Mikindani Machi 1866, baada ya kuona kwamba mikoko ya mlango wa Ruvuma haina mahali pa kushushia ngamia na nyati aliokuja nao, na katika nchi aliyoipita mahindi hayakuwa tena mgeni. Walaji wa pwani waliokolewa na kitoweo. Samaki, kunde, mbaazi na karanga vina niasini ya kutosha kufidia kile ambacho ugali unawanyima. Ushahidi wa jinsi fidia hiyo inavyofanya kazi ulikuja kwa njia ya uchungu kutoka kwa majirani. Mwaka 1990, wakimbizi wa Msumbiji waliokuwa Malawi, wakiishi kwa mgao wa mahindi, walikatiwa karanga zilizokuwa zikiambatana na mgao huo. Wagonjwa zaidi ya 17,000 wa pelagra waliandikishwa katika miezi michache.

Muhogo ulikuja kwa njia hiyohiyo ya baharini, kutoka Brazili, na uhamiaji wake ulikuwa wa hatari zaidi. Wenyeji wa Amazonia walikuwa wameuzoea muhogo mchungu kwa kuukwaruza, kuukamua maji yenye sumu ya sianidi, kisha kuoka unga wake kuwa mkate mwembamba juu ya kikaango kikubwa cha udongo. Wamakonde wa nyanda za Newala na Mtwara waliupenda kwa sababu nyingine: huvumilia ukame, nguruwe pori huuogopa ukiwa mchungu, na unaweza kukaa ardhini ukisubiri njaa. Walitengeneza njia zao za kuuondolea ukali. Makopa ni muhogo uliomenywa na kuanikwa juani. Kivunde hulowekwa siku kadhaa mpaka kilainike. Chinyanya hutwangwa ukiwa mbichi na kuanikwa, kisha hutwangwa tena, na unga hupatikana siku ileile.

Njia salama kuliko zote hizo ni kuloweka, lakini Uwanda wa Makonde hauna mito wala chemchemi juu yake. Kwa vizazi vingi wanawake waliteremka mabondeni kuchota maji na kuyapandisha kichwani, mpaka mradi wa maji wa Makonde ulipoanza miaka ya 1950. Katika mazingira hayo, kutumia ndoo nzima kuloweka muhogo halikuwa jambo la mtu mwenye akili timamu. Gharama yake ilionekana katika miaka ya ukame, pale chinyanya ilipoliwa kwa haraka na bila kitoweo. Mwanzoni mwa miaka ya 2000, visa vya konzo viliripotiwa mkoani Mtwara: miguu inayopooza ghafla na kutopona, hasa kwa watoto na wanawake walio katika umri wa kuzaa. Kinga iliyopendekezwa na mwanakemia wa Australia, Howard Bradbury, ni rahisi kiasi cha kushangaza. Unga hukorogwa na maji, hutandazwa mwembamba kivulini kwa saa 5, na sianidi huruka hewani kabla ugali haujapikwa. Miaka mia mbili na zaidi baada ya zao, kipande cha maarifa yake kikawasili, nacho hakikutoka Brazili.

Mto Ruvuma umetenganisha pia aina mbili za mkate. Upande wa kusini, utawala wa Wareno ulijenga mazoea ya tanuri za kuni na mkate wa ngano wa kila asubuhi, na Msumbiji ya leo bado hula mkate huo hata vijijini. Mpaka wenyewe haukutulia mapema. Eneo la Kionga, kusini mwa mlango wa mto, lilitwaliwa na Wajerumani mwaka 1894, Wareno wakalirudisha mwaka 1916, na Mkataba wa Versailles ukawathibitishia. Upande wa kaskazini Wajerumani walijenga boma lao Mikindani mwaka 1895, lakini hawakuacha utamaduni wa mkate wa ngano kwa watu wa kawaida. Ngano haikubali joto la pwani, na unga wake ulipaswa kuja kwa meli.

Meli zilipata mahali pa kutia nanga kwa sababu ya zao jingine la Amerika. Mwaka 1947 serikali ya Uingereza ilianzisha mpango wa karanga, ikitarajia mafuta kwa ajili ya majiko ya Waingereza waliokuwa bado kwenye mgao wa baada ya vita. Nachingwea ikawa kituo kimoja, na kwa ajili yake zikabuniwa reli na bandari ya kina kirefu pale Mtwara. Mpango ulifutwa mwaka 1951, baada ya kumeza takriban pauni milioni 36 na kutoa karanga kidogo mno. Bandari ilifunguliwa hata hivyo mwaka 1954, ikiwa na mji mpya uliopangwa kwa barabara pana zilizosubiri magari yasiyokuja. Reli iling'olewa miaka ya 1960. Kilichobaki kwa jiko ni unga wa ngano uliofika kwa urahisi zaidi, na pamoja nao maandazi, chapati na sambusa za nyumbani, vyakula ambavyo kwa kawaida hukaangwa na havihitaji kuokwa. Mafuta yalichukua nafasi ambayo tanuri ingechukua.

Nishati ndiyo iliyoamua mengine. Gesi asilia iligunduliwa Mnazi Bay, jirani na Msimbati, mwaka 1982, ikakaa ardhini zaidi ya miaka 20 kabla ya kuanza kuzalisha umeme wa Mtwara. Bomba la kwenda Dar es Salaam lilikamilika mwaka 2015, miaka miwili baada ya wakazi kulipinga kwa maandamano yaliyogharimu maisha ya watu. Baadhi ya nyumba za mjini Mtwara zimeunganishwa na gesi hiyo moja kwa moja. Nyingi zinatumia mitungi au zingali na makaa. Mkakati wa taifa wa nishati safi ya kupikia, uliozinduliwa mwaka 2024, unataka asilimia 80 ya Watanzania waachane na kuni na mkaa ifikapo 2034.

Jiko la gesi lenye oveni chini yake linabadilisha kazi ya jioni kwa namna ambayo seredani ya makaa haikuruhusu. Kupalia kunahitaji mtu wa kusimama hapo: makaa yakififia huongezwa, yakizidi hupunguzwa, na mfuniko hauinuliwi ovyo majivu yasije yakadondoka ndani. Trei ya oveni haihitaji mlinzi. Ndiyo maana vyakula vya trei moja, kuku wa kuoka, keki, na hata taco za kuoka ambazo huko Marekani ni mlo mwepesi wa familia, vinaingia kwanza katika nyumba ambazo mama na baba wote wanarudi kutoka kazini jioni. Anayetaka kuzipika Mtwara hupata karibu kila kitu sokoni: nyama ya kusaga au samaki changu, nyanya, kitunguu, pilipili, maharage. Chapati nyembamba hukunjwa, hujazwa, hupangwa zikiwa zimesimama kwenye trei na kuokwa dakika 10 hadi 15 mpaka kingo zikauke. Jibini ndiyo adimu na ghali. Wengine huweka tui zito la nazi lililokorogwa na yai. Asiye na oveni huzipanga kwenye sufuria pana na kupalia. Kuhusu mkate wa mahindi wenyewe, sembe ya dukani haifai, kwa kuwa unga wake haujapitia chokaa. Mpishi mwenye subira anaweza kuchemsha punje zake kwa chokaa safi ya tambuu, kijiko kimoja kwa kilo, na kuziacha mpaka asubuhi.