Popova ya jibini: wepesi si jambo jipya

Siku hizi ukitaka kuwauzia chakula watu wa kazi za kukaa, wale ambao matumbo yameanza kuchungulia nje ya mkanda, bandika neno moja tu: nyepesi. Siagi nyepesi, keki nyepesi, jibini nyepesi. Neno hili lina hila. Linatuambia kwamba chakula chenyewe kwa asili yake ni kizito, na kwamba ametokea mtaalamu fulani akakipunguza uzito kwa faida yetu. Kwa hiyo tumlipe, na asante juu.

Leo nataka tulihoji neno hilo kwa kutumia kitafunwa kimoja cha Wamarekani. Wenyewe wanakiita popover, mimi nitaandika popova ili ulimi usipate taabu. Kwenye vitabu vya mapishi na magazeti ya wenzetu utakuta maelekezo ya "popova nyepesi ya jibini" yakitolewa kama ugunduzi. Nikajiuliza, hii popova ilianza lini kuwa nzito?

Kwa asiyeijua, popova ni unga wa ngano, maziwa, mayai na chumvi. Haina hamira wala beking pauda. Rojo lake ni la majimaji, kama la chapati za maji. Linamiminwa kwenye vikombe vya chuma vilivyopata moto, oveni inafungwa, na baada ya nusu saa hivi linakuwa limevimba na kuchomoza juu ya kikombe kama kofia. Jina lenyewe limetoka kwenye tabia hiyo ya kuchomoza. Nje ni kavu, ndani ni shimo tupu. Ya jibini huliwa na supu au kachumbari, mahali ambapo mtu angekula mkate.

Sasa turudi nyuma. Popova ni mjukuu wa pudingi ya Yorkshire, kutoka kaskazini mwa Uingereza. Mwaka 1737 kitabu kiitwacho The Whole Duty of a Woman kilichapisha maelekezo ya pudingi iliyopikwa chini ya nyama inayochomwa. Nyama inazunguka motoni, mafuta yanadondoka, na chini yake kuna sufuria ya rojo inayoyapokea. Miaka kumi baadaye, 1747, Hannah Glasse akatoa kitabu chake The Art of Cookery Made Plain and Easy, na humo pudingi hiyo ikaitwa kwa jina la Yorkshire. Jina la Glasse mwenyewe halikuwekwa kwenye kitabu, paliandikwa tu kwamba mwandishi ni bibi fulani. Kiliuzwa sana. Lakini mwaka 1754 mama huyo alifilisika akauza haki za kitabu, na mwaka 1757 alifungwa jela kwa madeni. Aliyewafundisha Waingereza kubana matumizi jikoni, maisha yakambana yeye.

Hebu tazama hesabu ya Glasse. Maziwa karibu lita moja, mayai manne, chumvi kidogo, na unga wa kutosha kupata rojo. Mayai manne kwa lita nzima! Mafuta yenyewe ni yale yaliyokuwa yanadondoka, ambayo yangepotelea majivuni. Na desturi ya Yorkshire ilikuwa kuila pudingi kwanza, na mchuzi wake, kabla nyama haijaletwa mezani. Unajua kwa nini? Nyama ilikuwa kidogo na walaji walikuwa wengi. Mtu akishashiba unga, hatamaliza nyama. Mama yeyote wa kwetu aliyewahi kugawa vipande vya kuku kwa watoto saba anaielewa siasa hiyo bila kufundishwa.

Kwa hiyo chimbuko la popova ni uhaba. Shika hilo, tutalirudia.

Rojo hili likavuka bahari. Neno popover linaonekana kwenye maandishi tangu 1850. Huko Marekani likabadilika mambo mawili. Kwanza, likaachana na nyama. Badala ya sufuria moja chini ya mchomo, likaingia kwenye vikombe vidogo vilivyopakwa siagi, na likaanza kuliwa hata asubuhi. Pili, likapata chombo chake. Mwaka 1859 Nathaniel Waterman wa Boston alipata hati ya ugunduzi wa vyuma vya kuokea vyenye vikombe vilivyoungana. Ukitaka kuvipata akilini, fikiria chuma cha vitumbua, ila vikombe vyake vina kina zaidi na kinaingia ndani ya oveni. Baadaye kiwanda cha Griswold, mjini Erie, Pennsylvania, kikatengeneza chuma cha popova chenye vikombe 11 ambacho mpaka leo watu wanakisaka kwenye minada ya vitu vya kale.

Kwa nini chuma? Hapa ndipo ilipo siri yote. Kinachoinua popova ni mvuke. Maji yakichemka na kuwa mvuke hutanuka zaidi ya mara 1,600. Rojo likigusa chuma cha moto, ukoko unaanza kushika haraka pembeni huku maji ya ndani yakigeuka mvuke unaotafuta pa kutokea. Mayai na unga vinatengeneza ngozi inayonyumbuka, mvuke unaisukuma juu, kisha joto linaikausha ikabaki imesimama. Ndiyo maana ndani kuna shimo. Tunachokiona kama unono ni hewa tupu. Ukitafakari, ni chakula kilichotengenezwa ili kidogo kionekane kingi.

Sasa tufike kwa mtu ninayemheshimu kuliko wote katika habari hii, Fannie Farmer. Alizaliwa 1857. Akiwa na miaka 16 alipata ugonjwa uliompooza, masomo yakakatika. Alipata nafuu lakini alichechemea maisha yake yote. Alikuwa karibu na miaka 30 alipoingia chuo cha mapishi cha Boston, na baadaye akawa mkuu wake. Mwaka 1896 akatoa The Boston Cooking-School Cook Book. Mchapishaji hakuwa na imani, akachapa nakala 3,000 tu, na gharama akabeba mwandishi. Kitabu kikaja kuuzwa kwa mamilioni. Kilichomtofautisha na wenzake ni vipimo. Kikombe kiwe kimesawazishwa kwa kisu, kijiko vilevile. Ile habari ya "siagi kiasi cha yai" akaitupa nje.

Popova yake ya 1896 ni hii: unga kikombe kimoja, chumvi robo kijiko cha chai, maziwa kikombe kimoja kasoro kidogo, mayai mawili, na siagi iliyoyeyushwa nusu kijiko cha chai. Soma tena hicho kipimo cha mwisho. Nusu kijiko cha chai, kwa mkupuo mzima! Ukiacha ile ya kupaka vikombe, hakuna siagi nyingine. Mayai yameongezeka ukilinganisha na ya Glasse, kwa sababu sasa rojo halina mafuta ya nyama ya kuliokoa, linategemea mayai na mvuke. Lakini nani atasema chakula hicho ni kizito?

Na Farmer hakuwa mgeni wa habari za afya. Mwaka 1904 alitoa kitabu cha mapishi ya wagonjwa na wanaopata nafuu, Food and Cookery for the Sick and Convalescent, na alifundisha mambo hayo kwa watu wa hospitali.

Basi uzito ulitoka wapi? Jibu langu: ulitoka mezani na mifukoni. Kadiri watu walivyopata fedha na mikahawa ilivyoshindana, popova ilivishwa. Kule Jordan Pond House, kwenye kisiwa cha Mount Desert jimbo la Maine, tangu miaka ya 1890 wageni wa kiangazi wamekuwa wakiletewa popova na chai, na pembeni siagi na jemu. Mjini Dallas, kwenye migahawa ya duka la Neiman Marcus iliyosimamiwa na Helen Corbitt kuanzia 1955, ikaja na siagi iliyochanganywa na stroberi. Mwaka 2004 mpishi Mfaransa Laurent Tourondel alifungua BLT Steak jijini New York, akawapa walaji popova kubwa zenye jibini ya gruyère kabla ya nyama. Umeona mzunguko huo? Yorkshire iliitanguliza pudingi ili nyama itoshe. New York inaitanguliza popova kwa mtu anayesubiri kipande cha nyama chenye ukubwa wa kiatu.

Wakati huohuo upande wa pili hofu ya mafuta ilikuwa inapanda. Januari 1961 jarida la Time lilimweka Ancel Keys kwenye jalada, yule mtafiti aliyehusisha mafuta na magonjwa ya moyo. Mwaka 1968 chama cha moyo cha Marekani kikashauri viini vya mayai visizidi vitatu kwa wiki. Mwaka 1977 kamati ya seneta George McGovern ikatoa malengo ya lishe ya taifa. Hapo viwanda vikapata soko: mayai bandia ya kopo, jibini isiyo na mafuta ambayo hata kuyeyuka inagoma, na maelekezo ya popova ya ute mtupu iliyo ngumu kama soli. Mwaka 2015 miongozo ya lishe ya Marekani ikaondoa ile namba ya miligramu 300 za lehemu kwa siku, ingawa ilibakiza kikomo cha asilimia 10 ya kalori kwa mafuta yale yanayoganda, kama ya siagi na jibini. Kwa maneno mengine yai limepunguziwa kesi, siagi bado iko mahakamani.

Nina mjomba aliyeambiwa na daktari apunguze mafuta. Tangu siku hiyo anakula kama mfungwa. Anatazama sahani za wenzake kwa huzuni, na kila baada ya wiki mbili anavunja masharti yote kwa siku moja. Nadhani kinachomuumiza zaidi ni imani kwamba chakula chepesi ni adhabu, kwamba kitamu ni kile kingine alichonyang'anywa. Ndiyo maana historia hii nimeiona ina maana. Mtu kama yeye hana haja ya kununua vitu vya kopo. Arudi tu nyuma mpaka 1896.

Ukitaka kujaribu, fanya hivi. Chukua vipimo vya Farmer, ila maziwa yawe yale yenye mafuta asilimia 1, na yasiwe ya baridi. Changanya, likibaki na vidonge vidogo usihangaike. Washa oveni nyuzi 220 za Sentigredi, weka vyuma vitupu ndani vipate moto, vipake mafuta kidogo kwa brashi, mimina rojo lifike nusu au zaidi kidogo, vikombe sita. Jibini isaga laini na uinyunyize juu, gramu 30 tu, lakini iwe jibini kali iliyokaa muda mrefu kama parmesan. Jibini ikikaa vizuri inakuwa na ladha nzito, kwa hiyo kidogo kinasikika. Ukiijaza nyingi ndani, uzito na mafuta yake vinalilemea rojo lisipande. Oka dakika 30 hadi 35. Usifungue oveni kuchungulia! Joto likishuka mapema popova inasinyaa. Zikiiva, toboa kila moja kwa ncha ya kisu mvuke utoke.

Nimepiga hesabu kwa kalamu. Ukitumia mayai matatu, maziwa yenye mafuta yote, siagi vijiko viwili vikubwa na cheddar gramu 115, kila popova inakuwa na kalori karibu 250 na mafuta gramu 14. Hii ya Farmer yenye parmesan ina kalori kama 145 na mafuta gramu 5 hivi. Kimo ni kilekile, au hii nyepesi inaishinda.

Kwa hiyo safari ijayo ukiona neno "nyepesi" kwenye pakiti, muulize muuzaji: kabla hamjakiongezea uzito, chakula hiki kilikuwaje? Mara nyingine jibu liko kwenye jiko la mtu aliyekuwa na mayai mawili, unga kidogo na watoto wengi. Mwenye la kuongeza au kupinga, karibu.